Notisi ya Serikali kuhusu ardhi yako: namna ya kuisoma, kuijibu na kuhesabu siku zake

Ukipokea notisi inayohusu ardhi yako, kabla hujampigia simu ndugu wala wakili, chukua daftari uandike: imeletwa na nani, tarehe gani, saa ngapi, na nani alikuwepo. Usiandike kitu juu ya notisi yenyewe. Kama imebandikwa mlangoni au kwenye mti, ipige picha ikiwa hapohapo ilipo, moja ya karibu inayosomeka na nyingine ya mbali inayoonyesha mahali pote. Picha hizo ziache kwenye simu iliyozipiga. Ukizituma kwa WhatsApp na kufuta za awali, umepoteza taarifa za siku na saa ambazo ungezihitaji kuthibitisha kwamba ni za kweli.

Karibu kila haki utakayoidai baadaye huhesabiwa kuanzia siku hiyo. Mashauri mengi ya ardhi dhidi ya Serikali hayafiki hata kwenye swali la nani mwenye ardhi. Yanakwama kwenye tarehe, muhuri, jina la mdaiwa na mahakama iliyochaguliwa. Mtu ana haki yake mkononi, shauri linaondolewa kwa sababu ya karatasi ambayo angeweza kuiandaa kwa siku moja. Mwongozo huu ni wa kuzuia hilo. Unahusu Tanzania Bara. Zanzibar ina sheria zake za ardhi.

Haki yenyewe imesimama wapi

Katiba ya mwaka 1977, ibara ya 24, inampa kila mtu haki ya kumiliki mali, na inakataza kumnyang'anya mali hiyo bila idhini ya sheria inayoweka masharti ya fidia inayostahili. Ibara ya 13(6)(a) inatoa haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu pale haki za mtu zinapoamuliwa na mahakama au chombo kingine chochote. Chombo kingine ni pamoja na halmashauri, kamishna na kamati.

Kuna hukumu mbili za Mahakama ya Rufani ambazo ni vizuri kuzijua kwa majina. Ya kwanza ni Mwanasheria Mkuu wa Serikali dhidi ya Lohay Akonaay na mwenzake, ya mwaka 1994: mahakama ilisema haki ya kutumia ardhi kwa mila ni mali inayolindwa na ibara ya 24. Kwa hiyo anayekuambia "huna hati, huna haki" anakosea. Ya pili ni Mbeya-Rukwa Autoparts dhidi ya Jestina Mwakyoma, iliyomo katika ripoti za sheria za 2003: haki ya kusikilizwa ni ya kikatiba, na uamuzi uliotolewa bila kumsikiliza mhusika hausimami.

Tambua kwanza ni notisi ya aina gani

Watu huita kila karatasi "notisi ya kuhamishwa", lakini sheria zinazotumika ni tofauti, na siku zake ni tofauti. Tafuta kwenye karatasi jina la sheria iliyotajwa. Kama haikutajwa, hilo lenyewe ni jambo la kuhoji kwa maandishi.

Notisi ya utwaaji hutolewa chini ya Sheria ya Utwaaji wa Ardhi ya mwaka 1967, Sura ya 118. Rais anaweza kutwaa ardhi kwa matumizi ya umma. Notisi inapaswa kufikishwa kwa wenye maslahi katika ardhi hiyo na kutangazwa katika Gazeti la Serikali. Muda wa kuachia ardhi unaotajwa humo haupaswi kuwa chini ya wiki 6 tangu kutangazwa, isipokuwa Rais athibitishe kwamba kuna uharaka. Kwa hiyo ukikuta notisi ya utwaaji inayokupa siku 7 au 14, uliza kwa barua: hati ya uharaka iko wapi, na tangazo limetoka katika gazeti la tarehe gani? Wataalamu wakija kupima au kuchimba kwa uchunguzi kabla ya utwaaji, uharibifu wowote watakaoufanya wakati huo unalipwa. Orodhesha miti na mazao yaliyokatwa siku hiyohiyo.

Uhaulishaji wa ardhi ya kijiji una njia yake chini ya Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999, Sura ya 114. Hapa ardhi inahamishwa kutoka ardhi ya kijiji kwenda ardhi ya jumla au ya hifadhi. Notisi inapelekwa kwa halmashauri ya kijiji na kutangazwa katika Gazeti la Serikali, ikieleza mahali ilipo ardhi, ukubwa wake, na sababu za kuihamisha. Eneo likiwa chini ya hekta 250, Mkutano Mkuu wa Kijiji ndio unaokubali au kukataa. Likizidi hapo, Waziri anaamua baada ya kuzingatia mapendekezo ya mkutano huo. Na ardhi haihamishwi mpaka aina, kiasi, namna na wakati wa kulipa fidia vikubaliwe. Mahali pa kuangalia kwa makini ni muhtasari wa kikao. Muhtasari wa halmashauri ya kijiji, yaani wajumbe wachache, mara nyingi hupelekwa wilayani kana kwamba ni wa mkutano mkuu. Omba nakala, hesabu majina na saini, angalia tarehe ya tangazo la mkutano na ajenda iliyobandikwa. Kama ajenda haikutaja ardhi, sema hivyo kwa maandishi mapema, mradi ukiwa bado mchanga.

Notisi ya ubatilisho inamhusu mwenye hati miliki anayedaiwa kuvunja masharti: hajaendeleza kiwanja, hajalipa pango la ardhi, amebadili matumizi, ametelekeza. Sheria ya Ardhi, Sura ya 113, inataka kuwe na sababu ya msingi na notisi ya siku 90. Siku hizo ni za kujitetea na kurekebisha. Ukipata notisi hii, lipa pango unalodaiwa, chukua risiti, piga picha za maendelezo, kisha mwandikie Kamishna wa Ardhi kupitia kwa Kamishna Msaidizi wa mkoa wako. Kulipa tu bila kuandika hakutoshi, kwa sababu faili la ubatilisho linaweza kuendelea na safari yake bila risiti yako kuwemo.

Kisha kuna alama ya X ukutani. Kwa barabara kuu na za mikoa, hifadhi ya barabara ni mita 30 kila upande kutoka katikati ya barabara. Kabla ya Sheria ya Barabara ya 2007 upana wa kawaida ulikuwa mita 22.5. Ndiyo sababu X nyekundu huwekwa kwa anayedaiwa kuifuata barabara, ambaye hutakiwa kubomoa bila fidia, na X ya kijani kwa yule aliyefuatwa na barabara, aliye kwenye mita zilizoongezwa, ambaye anastahili fidia. Tofauti ya rangi hiyo inaweza kuwa tofauti ya nyumba nzima, kwa hiyo usiichukue kama ilivyo. Pima mwenyewe kwa futi kamba kutoka katikati ya barabara ya zamani, maana barabara ikipanuliwa upande mmoja, katikati yake huhama. Andika ni lini ulijenga au kununua. Zipo pia sehemu zilizotangazwa kuwa na hifadhi pana zaidi, kama Barabara ya Morogoro kutokea Ubungo. Ukiambiwa hivyo, omba namba ya tangazo husika. X peke yake si notisi. Ni alama. Barua yenye jina la mamlaka, sheria na muda ndiyo notisi, na una haki ya kuidai.

Kuisoma kwa jicho la kisheria

Notisi inayotosha inakueleza nani anaitoa na kwa mamlaka gani, ardhi gani hasa (kitalu na namba ya kiwanja, au mipaka na majirani kama haijapimwa), kwa nini, unatakiwa kufanya nini, ndani ya siku ngapi, na maelezo yako uyapeleke kwa nani. Ikikosa kimoja kati ya hivi, usikae kimya ukisubiri kuja kuitumia kasoro hiyo mahakamani. Andika barua sasa ukiomba ufafanuzi. Barua isiyojibiwa ni ushahidi mzito kuliko malalamiko yanayotolewa kwa mara ya kwanza miaka miwili baadaye.

Tangazo la mdomo kwenye mkutano wa hadhara, gari la matangazo likipita mtaani, au kauli ya kiongozi mbele ya kamera si mbadala wa notisi ya maandishi. Lakini hudhuria mikutano hiyo, saini mahudhurio, na uliza swali lako kwa sauti ili liingie kwenye muhtasari.

Angalia pia jina lililoandikwa. Ikiwa notisi ina jina la marehemu baba yenu, haraka ya kwanza ni mirathi. Bila msimamizi aliyeteuliwa na mahakama, hakuna mwenye mamlaka ya kusaini fomu za fidia wala kufungua shauri kwa ajili ya mali ya marehemu. Familia nyingi hugundua hili siku ya malipo, wakati ndugu wameshaanza kugombana. Kama ni mali ya ndoa, wote wawili waonekane kwenye fomu.

Kujibu

Barua ya kujibu iwe fupi, kurasa mbili zinatosha. Anza na kumbukumbu namba ya notisi na tarehe uliyoipokea. Eleza wewe ni nani kwenye ardhi hiyo na tangu lini. Sema unapinga nini hasa: uhalali wa notisi, mipaka, madhumuni, muda, au kiasi cha fidia. Kisha omba mambo yanayotekelezeka, kwa mfano "naomba nisikilizwe ana kwa ana kabla uamuzi haujafikiwa, na naomba nakala ya ramani na tangazo la gazeti la Serikali". Viambatanisho viwe nakala. Asili zibaki kwako. Barua ya toleo, hati ya kimila, mkataba wa mauziano, risiti za pango, picha, barua ya mwenyekiti wa serikali ya mtaa: kila kimoja kipe namba.

Peleka nakala mbili kwenye masjala. Moja inabaki kwao, ya pili inagongwa muhuri wa kupokelewa wenye tarehe, nayo ni yako. Mpokeaji akikataa kugonga muhuri, tuma kwa posta kwa rejista au EMS na utunze stakabadhi. Kumwachia mlinzi getini au kumtumia afisa ujumbe kwenye simu yake binafsi ni sawa na kutopeleka kabisa.

Nyaraka ukinyimwa, Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya 2016 inamruhusu raia kuomba kwa maandishi, na taasisi ina siku 30 za kujibu. Itaje sheria hiyo kwenye barua yako ya pili.

Siku ya uthamini na hesabu ya fidia

Hapa ndipo fedha nyingi hupotea, na hupotea kwa saini yako mwenyewe. Mthamini anakuja na mwakilishi wa mtaa au kijiji, anapima nyumba, anahesabu miti na mazao, anajaza fomu, kisha unapigwa picha mbele ya mali yako ukiwa umeshika kibao chenye namba. Namba hiyo ndiyo itakayokutambulisha kwenye jedwali la fidia. Inakili. Piga picha ya kila ukurasa wa fomu kabla ya kusaini. Hesabu miti pamoja naye, mmoja mmoja, na hakikisha kisima, choo, uzio, makaburi na msingi uliokwisha kujengwa vimeandikwa. Usisaini fomu yenye nafasi wazi. Kama hamkubaliani, andika karibu na saini yako kwamba hukubaliani na hesabu ya kitu fulani, na taja kitu chenyewe.

Tangu sheria za ardhi za 1999 zianze kutumika, fidia inahusu pia thamani ya ardhi yenyewe. Bado kuna maeneo ambako watu huambiwa kwamba shamba lisilo na mazao halina fidia. Si kweli. Sheria inataka fidia kamili, ya haki na inayolipwa kwa wakati, na msingi wake ni bei ya soko. Juu ya thamani ya ardhi na maendelezo, kanuni za mwaka 2001 zinaongeza posho ya usumbufu, posho ya makazi, posho ya usafiri na fidia ya kupotea kwa faida, pamoja na gharama halisi ulizoingia katika kuipata ardhi hiyo.

Tuchukue mfano wa kubuni ili hesabu ionekane. Thamani ya ardhi na nyumba ni shilingi 40,000,000. Posho ya usumbufu ni thamani hiyo mara wastani wa riba ambayo benki za biashara zinalipa kwa amana za miezi 12. Tukichukua asilimia 7, inakuwa 2,800,000. Posho ya makazi ni kodi ya soko ya nyumba hiyo kwa mwezi mara miezi 36. Kodi ikiwa 100,000, ni 3,600,000. Una duka hapo lenye faida halisi ya 250,000 kwa mwezi: mara 36 ni 9,000,000, nayo huthibitishwa kwa hesabu za biashara. Posho ya usafiri ni gharama ya kusafirisha tani 12 ndani ya kilomita 20, tuseme 300,000. Jumla ni 55,700,000. Mtu aliyeambiwa tu "nyumba yako ni milioni arobaini" na akaridhika ameacha milioni 15 na laki 7. Kwa ardhi ambayo haikaliwi, posho ya makazi, ya usafiri na faida iliyopotea hazilipwi, kwa hiyo usiziweke kwenye madai yako ya shamba tupu; zinapunguza uzito wa madai yaliyo sahihi.

Uthamini wa fidia lazima uidhinishwe na Mthamini Mkuu wa Serikali. Tarehe ya idhini ni ya kuizingatia kuliko tarehe mthamini alipokuja nyumbani. Chini ya Sheria ya Uthamini na Usajili wa Wathamini ya 2016, malipo yanatakiwa ndani ya miezi 6 tangu idhini. Yakichelewa, fidia inazaa riba kwa kiwango cha wastani wa benki za biashara mpaka ilipwe. Miaka 2 ikipita bila malipo, uthamini huo umekwisha muda wake na unatakiwa kufanywa upya. Kwa mfano, idhini ikiwa ya tarehe 10 Machi 2025, riba inaanza kuhesabiwa baada ya 10 Septemba 2025, na uthamini unakoma 10 Machi 2027. Waliozuiwa kuendeleza maeneo yao kwa miaka mingi wakisubiri malipo wana msingi wa kudai uthamini mpya kwa bei za sasa. Wengi hawadai, kwa kuwa hakuna aliyewaambia.

Ukitaka kupokea fedha lakini hukubaliani na kiasi, pokea na uandike barua siku hiyohiyo kwamba umepokea kwa kupinga kiasi, na utaje pengo unalolidai. Mgogoro wa fidia ya utwaaji usiposuluhishwa ndani ya wiki 6 tangu notisi itangazwe, sheria inakuruhusu kwenda mahakamani.

Notisi yako wewe: siku 90

Sasa zamu inageuka. Huwezi kuishtaki Serikali kabla ya kuipa notisi ya siku 90 ya kusudio la kuishtaki, chini ya sheria ya mashauri dhidi ya Serikali (Government Proceedings Act), Sura ya 5. Tangu marekebisho ya 2020, hili linahusu pia halmashauri, wakala wa Serikali, mashirika ya umma na kampuni za umma. Serikali ya kijiji nayo ihesabu humo. Baada ya siku hizo, shauri linafunguliwa dhidi ya taasisi iliyokosea, na Mwanasheria Mkuu wa Serikali lazima aunganishwe kama mdaiwa. Asipounganishwa, mwenendo mzima unabatilika. Na mahakama yenye mamlaka ni Mahakama Kuu.

Rudia hapo, kwa sababu ndilo kosa linaloongoza. Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya liko karibu, ada yake ni nafuu, na watu wamezoea kwenda huko kwa migogoro ya mipaka. Ukimshtaki mkurugenzi wa halmashauri au halmashauri ya kijiji huko, utasikilizwa labda mwaka mzima, utashinda hata, kisha rufaa itafuta kila kitu kwa sababu baraza halikuwa na mamlaka. Kumshtaki jirani peke yake huku anayekalia ardhi kwa kweli ni shule ya Serikali au zahanati nako hakusaidii, hukumu haitatekelezeka.

Notisi hii haihitaji Kiingereza. Tangu 2021 Kiswahili ndiyo lugha ya sheria na mahakama. Ipe kichwa kinachojieleza: "Notisi ya siku 90 ya kusudio la kufungua shauri dhidi ya Serikali". Ielekeze kwa taasisi husika, nakala kwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali na kwa Wakili Mkuu wa Serikali, ambaye ofisi yake ndiyo inayoitetea Serikali katika mashauri ya madai tangu 2018. Andaa nakala nne, ya nne yako yenye mihuri ya wote. Ndani yake weka majina kamili na anwani za wadai, maelezo ya ardhi, matukio kwa mpangilio wa tarehe, sheria iliyovunjwa, na unachodai: tamko kwamba wewe ndiye mmiliki, fidia ya kiasi fulani, riba, au kubatilishwa kwa uamuzi. Usiache dai lolote ukitegemea kuliongeza baadaye kwenye hati ya madai.

Mkiwa wengi, kila jina liwemo kwenye notisi, na saini zao kwenye orodha iliyoambatishwa. Notisi ya watu 12 haiwabebi watu 80. Kama mnataka wachache wawawakilishe wengine, mahakama inatoa kibali cha shauri la uwakilishi. Hicho kinaombwa kabla ya kufungua shauri lenyewe, na orodha ileile itatumika.

Hesabu siku kuanzia kesho yake baada ya kupokelewa na taasisi ya mwisho. Siku ya 90 ipite kabisa ndipo ufungue. Kufungua siku ya 85 kwa sababu jengo linapanda haraka ni kujitafutia pingamizi la awali, yaani hoja ya kisheria ya kutaka shauri liondolewe kabla halijasikilizwa, na hapo utashindwa.

Tingatinga likija kabla siku 90 hazijaisha

Kuna njia ya dharura. Mawakili huiita amri ya Mareva: ombi kwa Mahakama Kuu la kuagiza hali ibaki kama ilivyo mpaka muda wa notisi uishe na shauri lifunguliwe. Linapelekwa na hati ya kiapo na hati ya dharura, likiambatana na notisi yako yenye mihuri ya kupokelewa. Bila notisi hiyo, ombi halina pa kusimama. Mahakama itapima mambo matatu yanayotoka katika kesi ya Atilio dhidi ya Mbowe ya 1969: je, kuna hoja nzito ya kuamuliwa yenye nafasi ya kushinda; je, utapata hasara isiyofidika kwa fedha; na nani ataumia zaidi amri ikitolewa au ikinyimwa. Sema kwa undani kwenye kiapo: watoto wangapi wanaishi humo, kuna makaburi, kuna mgonjwa, kuna mazao yanayobaki wiki chache kuvunwa. Kauli ya "nitaumia sana" peke yake haina uzito. Mawakili wa Serikali watasema sheria inazuia zuio dhidi ya Serikali, kwa hiyo ombi liandikwe kwa uangalifu kama la kulinda hali ilivyo kwa muda maalumu. Hapa wakili anahitajika kweli.

Kama unachopinga ni namna uamuzi ulivyofikiwa, mathalani ubatilisho uliofanywa bila wewe kusikilizwa, fikiria mapitio ya mahakama. Kwanza unaomba kibali ndani ya miezi 6 tangu uamuzi. Ukikipata, unawasilisha maombi yenyewe ndani ya siku 14. Mahakama haitakupa ardhi wala fidia kwa njia hii. Itafuta uamuzi mbovu na kurudisha jambo lifanywe upya kwa haki. Na itauliza kama ulitumia ngazi za rufaa zilizokuwepo kabla ya kuja kwake.

Ukomo wa muda

Shauri la kurejesha ardhi lina ukomo wa miaka 12. Watu huishika namba hiyo na kutulia. Lakini dai la fidia kwa kitendo kilichofanywa, au kilichoachwa kufanywa, kwa mujibu wa sheria lina mwaka 1 tu chini ya Sheria ya Ukomo wa Muda, Sura ya 89. Mtu aliyebomolewa Januari, akazunguka kwa mkuu wa wilaya, mbunge na wizara mpaka Februari ya mwaka unaofuata, anaweza kukuta dai lake la fidia limekufa huku faili lake la barua likiwa nene. Mazungumzo na viongozi hayasimamishi saa. Toa notisi ya siku 90 mapema kiasi kwamba siku hizo zote ziishe ndani ya mwaka huo, halafu endelea na mazungumzo sambamba.

Kama huna fedha za wakili, Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017 inawatambua watoa msaada na wasaidizi wa kisheria waliosajiliwa. Msajili msaidizi yupo kwenye ngazi ya mkoa na halmashauri. Unapokwenda kwao, nenda na bahasha yenye notisi uliyoipokea, picha zake, barua zako zenye mihuri, fomu ya uthamini, na karatasi moja uliyoandika tarehe zote kwa mfuatano, kuanzia siku notisi ilipokufikia. Kwa karatasi hiyo moja, msaidizi anaweza kukuambia siku hiyohiyo ni njia ipi bado iko wazi na zimebaki siku ngapi.